Alexander Mackay, Fundi Aliyekata Njia Mpaka Mpwapwa



Mara nyingi tumezoea kusoma habari za maaskofu na makasisi wa zamani. Safari hii tumeona vema tuwaletee habari za mtu ambaye hakuwa askofu, wala kasisi, wala hata shemasi. Alikuwa fundi wa mitambo. Aliitwa Alexander Mackay. Huko Uganda jina lake linajulikana sana, na ukitaja Wakristo wa kwanza wa Buganda huwezi kuacha kumtaja yeye. Lakini sisi wa upande huu wa Kilosa tumemsahau kidogo, ingawa jasho lake lilidondoka katika nchi yetu kabla ya kudondoka Uganda.

Kwanza tuseme kidogo juu ya chama kilichomtuma. Tarehe 12 Aprili 1799, makasisi na walei wachache wa Kanisa la Uingereza walikutana katika nyumba moja ya wageni mjini London wakaanzisha chama ambacho sisi sote tunakijua kwa herufi tatu, CMS. Baadhi ya watu wa chama hicho ndio waliokuwa wakipigana bungeni na nje ya bunge ili biashara ya watumwa ikomeshwe. Mmoja wao ni William Wilberforce. Sheria ya kuikataza biashara hiyo ilipita mwaka 1807, na ile ya kuwaweka huru watumwa katika makoloni ya Uingereza ikapita mwaka 1833. Huko Marekani pia Waprotestanti walikuwa na vyama vyao, vingine vya kupinga utumwa, vingine vya kupiga vita ulevi, vingine vya kujenga shule. Tusidhani, hata hivyo, kwamba Wakristo wote walisimama upande mmoja. Wamethodisti wa Marekani waligawanyika mwaka 1844, na Wabaptisti mwaka 1845, kwa sababu ya jambo hilo hilo la utumwa, maana walikuwapo waliotetea utumwa huku Biblia iko mkononi. Utumwa wa kule ulikoma mwaka 1865, baada ya vita vikubwa.

Vyama hivi havikuwa vya matajiri tu. Fedha nyingi zilitoka katika visanduku vidogo vya sadaka vilivyowekwa majumbani, vikatiwa senti na akina mama, watoto na vibarua.

Kwetu Afrika ya Mashariki, Sultani Barghash wa Unguja alitia sahihi mkataba tarehe 5 Juni 1873, na soko la watumwa la Unguja likafungwa. Mtu anaweza kufikiri kwamba shida ilikwisha siku ile. Haikwisha. Mkataba ulikataza kuwasafirisha watumwa baharini, lakini bara misafara iliendelea. Na hapa ndipo tunapomkuta Mackay, kwa sababu yeye aliitazama shida hii kwa macho ya fundi.

Alizaliwa tarehe 13 Oktoba 1849 katika kijiji cha Rhynie, Uskochi. Baba yake alikuwa mchungaji wa Kanisa Huru la Uskochi, mtu mwenye elimu nyingi, na ndiye aliyemfundisha mwanawe nyumbani kwa miaka mingi. Wazazi walitumaini kwamba kijana atakuwa mchungaji kama baba. Lakini yeye alipenda kusimama kwa mhunzi na kutazama gurudumu la kinu likizunguka. Akasomea ualimu, kisha uhandisi mjini Edinburgh, na mwaka 1873 akaenda Ujerumani kufanya kazi katika kiwanda mjini Berlin. Alifanikiwa huko. Angeweza kubaki na kuwa mtu wa mali.

Mwezi Novemba 1875 gazeti moja la London lilichapa barua ya Bwana Stanley, yule msafiri, akisema kwamba Kabaka Mutesa wa Buganda anataka walimu, na akaeleza ni walimu wa namna gani: watu wanaojua kujenga, kulima, kutibu na kufundisha kazi za mikono. Siku chache baadaye CMS ilipokea ahadi ya paundi 5,000 kutoka kwa mtu asiyetaka jina lake lijulikane. Mackay alikuwa bado Berlin. Alikuwa amekwisha kuwaza kwenda Madagaska kama fundi mmisionari. Usiku mmoja wa Desemba, saa sita ya usiku imepita, aliketi akaiandikia CMS kwamba yuko tayari kwenda Buganda.

Waliochaguliwa walikuwa wanane, na Mackay ndiye aliyekuwa mdogo kuliko wote, miaka 26. Siku ya kuagwa, kila mmoja alisema neno lake. Yeye aliwaambia wazee wa chama kwamba yamkini kabla ya miezi sita watasikia mmoja wa wanane amekufa. Akawaomba wasivunjike moyo siku hiyo, bali wamtume mwingine upesi ashike nafasi yake. Tunadhani wengine waliona kijana huyu hana adabu, kusema maneno ya msiba siku ya kuagana. Lakini walifika Unguja mwishoni mwa Mei 1876, na mwezi Agosti mmoja wao alikuwa amekwisha kuzikwa.

Kazi yao ya kwanza ilikuwa kutafuta njia ya kwenda bara. Walikuwa na mashua ndogo ya mvuke iliyoitwa Daisy, wakajaribu kupanda nayo Mto Wami. Ninyi mnaujua Wami: ndio unaobeba maji ya mito yetu ya Kilosa mpaka baharini. Mackay na wenzake waliona kwamba unapinda kama nyoka, maji haba, na miti imeuziba. Wakarudi. Wakajaribu na Ruvu, mambo yakawa yale yale. Basi ikawa lazima kwenda kwa miguu, na mizigo ichukuliwe vichwani.

Tukae kidogo juu ya jambo hili la mizigo kichwani, maana ndilo lililomkaa Mackay moyoni. Wakati ule hapakuwa na gari wala punda wa kutosha katika nchi hii. Kila kitu, nguo, ushanga, chumvi, baruti, kilisafiri juu ya kichwa cha mtu, kila mmoja kama kilo thelathini. Wapagazi wengi walikuwa watu huru, hasa Wanyamwezi, wenye kujivunia kazi yao, na si haki kuwaita wote watumwa. Lakini mfanyabiashara wa pembe za ndovu aliweza pia kununua mtu bara, akambebesha pembe mpaka pwani, kisha akauza vyote viwili, pembe na mtu. Mackay alisema kwamba serikali inaweza kuweka manowari baharini na kukamata majahazi, lakini maadamu mzigo unasafiri juu ya kichwa cha mtu, mtu mwenyewe atakuwa bidhaa. Dawa, kwa maoni yake, ni barabara na magurudumu.

Safari yake ya kwanza ya bara aliugua sana karibu na Mpwapwa, akarudishwa pwani mwezi Novemba 1876. Wenzake waliendelea. Yeye alipopata nafuu, mwaka 1877, alianza kukata barabara kutoka Saadani mpaka Mpwapwa, mwendo wa maili 230, yaani kilometa 370 hivi. Aliajiri vibarua wa pwani, wakachukua mashoka, majembe, sururu na misumeno. Hawakuwa na mashine yoyote. Walikata miiba na miti, wakachimba kingo za vijito ili magari yaweze kushuka na kupanda, wakajaza mashimo, wakatandika magogo penye tope. Njia ilipita Uzigua, ikapanda katika milima ya Ukaguru upande wa Mamboya, ikateremka kwenda Mpwapwa. Hapa Msowero penyewe haikupita. Ilipita kaskazini yetu, ng'ambo ya milima. Lakini mtu yeyote aliyewahi kupanda milima ile kwa miguu wakati wa masika anaelewa ilikuwa kazi ya namna gani. Sisi wenyewe, pamoja na matingatinga ya siku hizi, tunajua mvua inavyoweza kula barabara usiku mmoja.

Barabara ilipokamilika, alileta magari ya kukokotwa na ng'ombe. Hapo ndipo pigo lilipomwangukia. Mvua zilishuka, magari yakazama matopeni, na mbung'o wakawauma ng'ombe. Wakafa mmoja mmoja. Wakati ule hakuna aliyejua hasa jinsi mbung'o anavyoua. Jambo hilo lilijulikana baadaye, katika miaka ya 1890. Fundi aliyepiga hesabu ya kila mlima na kila kijito alishindwa na mdudu ambaye ukubwa wake haufiki punje ya haragwe. Baada ya miaka si mingi majani yalirudi yakaifunika sehemu kubwa ya njia.

Je, ilikuwa kazi ya bure? Misafara ya CMS iliendelea kuifuata njia hiyo. Mpwapwa ikawa kituo, na kati ya mwaka 1879 na 1880 kikafunguliwa kituo cha Mamboya, ndio mwanzo wa Kanisa letu katika Ukaguru. Lakini ni lazima tuseme na upande wa pili. Njia haiulizi anayeipita amebeba nini. Waliobeba Injili waliipita, na waliobeba bunduki pia. Miaka michache baadaye nchi hii ilitawaliwa na Wajerumani, na Mackay mwenyewe, katika barua zake za mwisho, alitamani mataifa ya Ulaya yaingie na kuleta reli. Hapo hatukubaliani naye kwa yote. Reli ilikuja kweli, ikafika Kigoma mwaka 1914, na mzigo ukatoka kichwani mwa mtu kama alivyotaka. Lakini ilikuja pamoja na kodi, kiboko na kazi za kulazimishwa.

Turudi mwaka 1878. Mackay alikuwa njiani na magari yake alipopata habari kwamba wenzake wawili, Luteni Shergold Smith na Bwana O'Neill, wameuawa katika kisiwa cha Ukerewe mwezi Desemba 1877. Daktari Smith alikuwa amekwisha kufa kwa homa. Wengine walirudishwa kwao wagonjwa. Kati ya wanane waliobaki kazini walikuwa wawili tu, Kasisi Wilson na Mackay. Akayaacha magari, akaenda haraka ziwani. Huko Kagei aliikuta Daisy imetobolewa na wadudu na kupasuliwa na jua, akaitengeneza kwa mikono yake, na mwezi Novemba 1878 akafika Buganda.

Lugha aliyosema mbele ya Kabaka ilikuwa Kiswahili. Mutesa alikijua, na vitabu vya kwanza vilivyosomwa pale vilikuwa tafsiri za Askofu Steere wa Unguja. Basi lugha hii tunayoandikia ilikwenda mpaka Buganda kabla Kiganda hakijawa na kitabu chake.

Punde si punde wakaja wafanyabiashara wa Kiarabu na nguo na bunduki, wakitaka kulipwa watu. Mackay alisimama barazani akapinga. Alikuwa na picha za mwili wa mwanadamu, mifupa, mishipa na moyo. Akamweleza Kabaka jinsi mwili ulivyoundwa kwa ufundi ambao hakuna fundi duniani anayeweza kuuiga. Kisha akauliza kwa nini kitu cha namna hii kibadilishwe kwa kipande cha nguo ambacho mtu mmoja hukifuma kwa siku moja. Mutesa siku ile alisema Waarabu hawatapata watu. Hatusemi kwamba neno lake lilidumu. Majeshi ya Buganda yaliendelea kwenda kuteka nchi jirani, na mateka waliendelea kuuzwa. Lakini baraza zima lilikuwa limesikia.

Nyumbani kwake Natete alikuwa na karakana. Vijana walikuja kutazama jiwe la kunolea likizunguka, wakabaki kujifunza kusoma. Alichonga herufi za mti kwa kisu, akachapa karatasi za kusomea. Mama yake Kabaka alipofariki mwaka 1882, Mackay aliombwa kutengeneza jeneza, akatengeneza matatu, moja ndani ya jingine, kwa mbao na shaba. Waliomwona anatoka jasho mbele ya moto walishangaa kwamba mzungu, tena mwalimu wa dini, anafanya kazi hizi.

Mwaka 1881 alipata karatasi iliyoandikwa na kijana aitwaye Sembera, kwa ncha ya jani na wino wa kujitengenezea, akiomba abatizwe kwa sababu anaamini. Sembera huyo alikuwa mtumwa wa mtu mwenye cheo. Tarehe 18 Machi 1882 alibatizwa pamoja na wenzake wanne, wa kwanza kubatizwa katika misioni ile. Akachagua jina, akawa Sembera Mackay.

Tusimfanye malaika. Alikuwa mkali, hana subira na mtu mvivu, na mabishano yake na mapadri wa Kikatoliki mbele ya Mutesa hayakumpa Kabaka picha nzuri ya Wakristo. Mtu wa nje aliwasikia wazungu wawili wakisoma Biblia ile ile na kuitana waongo. Leo tunaona haya kusoma habari hizo.

Mutesa alikufa Oktoba 1884, na mwanawe Mwanga, kijana bado, akashika kiti. Mwishoni mwa Januari 1885 Mackay na mwenzake Ashe walikamatwa njiani pamoja na vijana wa misioni. Wazungu wakarudishwa, vijana wakachukuliwa. Tarehe 31 Januari watatu waliuawa kwa moto huko Busega: Makko Kakumba, Nuwa Serwanga na Yusufu Lugalama. Lugalama alikuwa mtoto wa Kihima, aliyetekwa vitani na kuletwa Buganda. Kwa wamisionari alikuwa amekaa kama mtu huru. Walikatwa mikono kwanza. Mackay alikuwa amekwisha kutoa vitu vingi kuomba roho zao, asisikilizwe. Alirudi Natete kwenye karakana yake, wakati vitanda vya vijana wale vilikuwa vitupu. Mtu anayejua kutengeneza kila kitu hakuwa na la kutengeneza siku ile.

Mwezi Oktoba mwaka huo huo Askofu Hannington aliuawa Busoga. Mwaka 1886 mateso yakazidi, na tarehe 3 Juni wengi walichomwa Namugongo, Waanglikana na Wakatoliki pamoja. Hesabu ya wafia dini wanaokumbukwa ni 45. Mackay aliendelea kuchapa karatasi, zikapitishwa usiku kutoka nyumba hata nyumba. Kabaka aliyewaua wasomaji alikuwa bado anamhitaji fundi, na nadhani hiyo ndiyo sababu moja iliyomfanya aishi. Julai 1887 alifukuzwa. Aliufunga mlango wa nyumba yake, akavuka ziwa, akajenga upya Usambiro, kusini ya ziwa.

Huko ndiko alikoandika maoni yake juu ya namna Kanisa linavyopaswa kufanya kazi Afrika. Alisema si vema kutawanya wazungu wawili wawili kila mahali wafe kwa homa. Afadhali ziwepo shule chache zenye nguvu, zifundishe vijana Waafrika vizuri, na hao wasambae mpaka wakutane na wenzao wa shule ya pili. Alitoa mfano wa daraja la Forth huko Uskochi, lililokuwa likijengwa wakati ule: nguzo chache imara, na kila nguzo inanyoosha mikono yake pande zote mpaka inashikana na mikono ya nyingine. Walimu na wachungaji wetu waliosoma Kongwa wataelewa anasema nini.

Mwaka 1889 Mwanga, akiwa amepinduliwa, alimwandikia Mackay barua akimwomba asahau yaliyopita na kumsaidia. Mwaka huo huo Stanley alipita Usambiro na msafara wake, akamkuta fundi kati ya mbao na vyuma, karatasi za tafsiri mezani. Alimsihi waondoke pamoja. Chama nacho kilikuwa kimemwita apumzike. Mackay hakukubali kuondoka kabla hajaja mwingine wa kushika kazi. Tangu Aprili 1876 hakuwa ameiona nchi yake hata mara moja.

Homa ilimshika mwanzoni mwa Februari 1890. Baada ya siku chache akafa, mwenye umri wa miaka 40, na mmisionari mmoja tu pembeni yake. Jeneza lilitengenezwa kwa mbao alizokuwa amezikata mwenyewe kwa ajili ya mashua. Wakristo wa Buganda waliokuwapo walimzika.

Mwaka 1927 mifupa yake ilifukuliwa Usambiro, ikavushwa ziwa na kuzikwa tena kwenye kilima cha Namirembe, Kampala. Amelala pale penye kaburi la Hannington, ambaye naye mwaka 1882 alipita Mamboya akielekea ziwani, kwa njia ya kutoka Saadani.